Mfuniko wa Barabara ya Nane

Orodha ya Singano ina vinywa vya maji hamsini na saba.
Mimi tangu alfajiri nimeviona kumi na vinne.
Natembea na nyundo, brashi, kopo la rangi nyekundu,
na ramani aliyoichora kwa penseli ya seremala
mwaka ghala la mkonge lilipowaka siku tatu
na Chumbageni nzima ikapiga chafya hadi Ijumaa.

*Mkonge hauwaki kama kuni*, ameandika pembeni.
*Unawaka kama kinyongo: juu umelala, ndani unakula.
Fungua robota, mwagia, geuza, fungua tena.*
Aliyesema dawa ya moto ni moto
hajawahi kushika mpira wa maji, nadhani.

Nyuma ya karatasi kuna habari za mama yake:
zamani za Mjerumani, ndoo za turubai ukutani,
kila ndoo na namba, kila namba na nyumba ya mawe.
Makuti yakiwaka, wenye makuti wazime
kwa mchanga, kwa maji ya kufulia, kwa dua.
Akaja Mwingereza na pampu ya kusukuma,
watu wanne huku, wanne kule, jasho pande zote,
akaiita pampu ya mji.
Lakini bomba lilikomea
pale ambapo barabara za Ngamiani zinaanza kuhesabiwa.
*Tulipewa namba kabla ya maji*, anasema Singano,
na hapo penseli imevunjika; doa lake lipo.

Uhuru ukazika mabomba. Yeye mwenyewe alichimba.
Ndiyo maana kipimo chake si mita, ni hatua:
*kumi na tisa toka kwa Mhindi wa baiskeli,
thelathini na moja toka mwembeni.*
Mwembe haupo. Baiskeli hazipo.
Nashika ukuta wa benki ya simu, naanza kuhesabu,
na miguu ya Singano ilikuwa ya korongo,
hivyo nimejifunza kunyoosha goti kama yeye,
gwaride la mtu mmoja, watoto nyuma wakiniiga.

Barabara ya Nane. Hatua ya ishirini na mbili
inaangukia kwenye jiko la Bi Mwanasiti.
Makaa mekundu, karai, bagia zinaogelea.

“Zimamoto,” anasema bila kuinua uso.
“Leo mmekuja na maji?
Maana kule Makorora mlifika
moto umeshakula, umeshanawa mikono.”

Sikumjibu. Nilikuwemo garini usiku ule.
Tulikuwa na lita elfu tatu; dakika nne, zikaisha.
Dereva akazunguka mitaa akitafuta kinywa
na kinywa kilikuwa chini ya lami mpya ya uchaguzi.
Fundi wa magodoro alikaa barazani kwa jirani,
ameshika funguo za nyumba isiyo na mlango.

“Naomba tusogeze jiko,” nikasema.
Akanitazama. Akaita vijana wawili.
Nikapiga nyundo: ardhi, ardhi, ardhi,
chuma.

Tulichimbua visoda, gololi, kandambili ya mguu mmoja,
mchanga wa miaka ambayo mimi sikuwepo.
Nikatia ufunguo. Nikauning’inia kwa uzito wangu wote.
Kimya. Kisha kikohozi cha chini sana,
kisha maji mazito, mekundu kama chai ya rangi,
halafu meupe, yakaruka hadi kifuani kwa Bi Mwanasiti
ambaye alikuwa ameshakinga ndoo, bila kuambiwa.

Nikaandika: kumi na tano.
Nikapaka rangi. Nikamwambia jiko likae mbali na hapa,
angalau hatua tano.

“Hatua za nani?” akauliza,
huku akifuta kanga;
maana alikuwa ameniona nikija.