Ukanda wa Nyasi

(Pleiku, mwaka wa Nyani)

Rada ilitazama juu usiku kucha,
jicho lisilopepesa, lisilojua kuinama.
Sisi wa mnara wa tatu tulipewa ardhi:
seng'enge safu tatu, makopo ya maziwa yenye kokoto ndani,
mbwa mmoja mwenye upele,
na Bi Nhàn.

Kazi yake ilikuwa kufyeka.
Nyasi zikifika goti, mtu hutambaa asionekane;
kwa hiyo alilipwa mchele kwa kila pima
ili macho yetu yafike mbali.
Alifyeka aking'ong'ona wimbo, mundu ukiitikia.

Siku hiyo aliacha ukanda.
Mwembamba, upana wa kifua cha mtu,
kutoka mferejini hadi chini ya waya.
Nikamwambia Sajini Khiêm. Akacheka:
"Kizee kile? Mundu umekuwa butu."

Saa tisa usiku makopo hayakulia.
Yalikuwa yamejazwa matope, kopo moja moja, kwa subira.
Zilizolia ni ndege zenyewe,
nne, zikiwaka ndani ya vibanda vyao vya zege
kama mikate iliyosahauliwa tanurini.

Alfajiri tulikuta watatu wamenaswa kwenye waya.
Wa mwisho kijana, vumbi jekundu puani.
Bi Nhàn alikuja kazini kwa wakati wake.
Akainama. Akaufyeka ule ukanda, taratibu,
hadi pale alipolala yule kijana;
hapo mundu ukasimama.

Sikumuuliza kitu.
Kopo moja la matope yale bado ninalo.