Mwenyekiti

Udiwani wa viti maalumu: wakadhani atakaa.
Subilaga hakukaa.
Alisimama kwenye tope la Tukuyu,
mwavuli umevunjika mbavu,
akihesabu viingilio, noti zimelowa kama majani ya chai.

Mvua inazidi. Katibu anataka mechi iahirishwe.
"Kwani migomba imeahirisha?"

Siku ya uchaguzi wa chama cha soka
mjumbe wa Kiwira akauliza, kwa kicheko,
kama mama anajua maana ya kuotea.
Hakujibu. Akafungua daftari:
jezi kumi na nne, sabuni, nauli ya kipa,
miaka tisa.

Kura zilihesabiwa mara mbili,
ya pili kwa kutoamini.

Jioni mwenyekiti alirudi uwanjani peke yake,
akachomoa vibendera vya kona
visije vikaibwa.