Imepokelewa

Ijumaa, saa tisa na robo, nilifika mapokezi
vumbi la Nkuhungu likiwa bado kwenye nyusi.
Dada wa dirishani aliupulizia muhuri pumzi, haa,
maana wino ulishakauka,
akagonga: IMEPOKELEWA.
Akasaini daftari langu la tarishi.
Karatasi ilisema shamba la Sechelela Ndahani, Mpunguzi,
mizabibu mia nne na kumi na miwili,
lisiguswe hadi shauri liishe.
Lisiguswe.
Jaji hakutumia neno gumu.

Jumamosi katapila liliwahi kuamka kuliko jogoo.

Sechelela alilisimamia mbele na nakala yake,
kaitia ndani ya mfuko wa sukari isichafuke.
Dereva, kijana mpole, akazima mashine, akasoma,
midomo ikimchezacheza kama ya mtoto wa darasa la pili.
"Mama, humu jina langu halimo."
Akawasha.

Dharau naijua. Nina miaka kumi na tisa kortini.
Mwaka jana simu ya mzee Mlewa ililia
hukumu ikisomwa: kwaya, tena ya harusi.
Alipapasa mfuko huu, akapapasa ule, kwaya inaendelea.
Alishinda mahabusu hadi jioni
kwa kuidharau mahakama.
Simu yenyewe ya tochi.
Katapila nalo lililia katikati ya amri
kutwa nzima, hadi mzabibu wa mwisho,
nasi tumeshaahirisha mara tano.
Mkurugenzi yuko semina Mtumba.
Faili limepanda ghorofani kutafuta saini, halijashuka.
Siku moja wakili wa Serikali, kwa unyenyekevu mkubwa,
aliomba afafanuliwe maana ya "kugusa".
Sechelela akacheka peke yake kwenye benchi.
Hakuna aliyemkamata.

Mama yangu, mtu wa Mvumi, alizoea kusema:
ukimtuma mtoto na neno, wakampiga,
usiulize mtoto kaumia wapi.
Jipapase wewe.
Mahakama haina katapila.
Ina mtu kama mimi, pikipiki ya mkopo, na daftari.

Leo nimebeba nyingine: wafike wenyewe,
waeleze kwa nini wasifungwe.
Dirisha lile lile, dada yule yule.
"Hii si uliileta?"
"Ile ilikuwa mama yake."
Akauinua muhuri mdomoni. Nikamwambia, dada, ngoja.
Kabla hujapokea, soma.
Kwa sauti.

Alinitazama. Akageuka kuutazama mlango wa ndani,
ule wenye pazia na kiyoyozi.
Kisha akaanza, taratibu, kidole chini ya mstari,
"Kwa kuwa amri ya awali..."
na mtu wa mwisho kwenye foleni,
simjui, ana mche wa sabuni mkononi,
akasema: paza, mwanangu,
sisi wa huku hatusikii.