Kibao cha Kwa Teliyo

Nilitumwa na makopo mawili ya rangi,
nyeupe na buluu, na orodha ya majina
iliyopigwa chapa Dodoma mjini.
Mbele ya jina la kumi na tisa
mtu alichora alama ya kuuliza
akaliacha hivyo hivyo,
kama aliyeona nyoka chumbani
akarudisha mlango taratibu.

Pikipiki ilinishusha saa nne, mchanga wa korongo ukiwaka.
Kanisa la matofali mabichi, bati nusu jipya,
nusu kutu iliyoshikiliwa na misumari.
Shule ya Msingi Teliyo.
Kisima cha Teliyo, mpini umekatika.
Duka la Teliyo: vocha, chumvi, mafuta ya alizeti.
Na beberu mmoja, naye Teliyo,
kwa sababu ya ndevu.

Mbukwenyi, nikasalimu.
Huyu Teliyo ni Mgogo wa ukoo upi?

Mama Merabu, katibu wa kanisa,
akapangusa maganda ya karanga mapajani.
"Si Mgogo. Ni mzungu wa kale,
kabla wazungu hawajajua kwamba ni wazungu.
Askofu wa Welisi, nchi ya mvua na kondoo.
Alikuja na muuguzi mmoja, yeye na jina lake ndani ya sanduku la dawa.
Alituambia kwao vijiji vinaitwa hivyo:
ua wa fulani, ua wa fulani,
mtakatifu amekufa, uzio umebaki.
Tukamwambia, hata sisi.
Mtu akijenga tembe, ardhi inashika jina lake
kama miba inavyoshika shuka."

Akanisimulia hadithi ya muuguzi:
askofu alipofariki, makanisa matatu yaligombea maiti.
Wakakesha wakisali. Kulipokucha, maiti ni tatu,
zimelala sambamba, uso mmoja.
Kila kanisa likabeba ya kwake.

"Nilicheka sana. Nilikuwa msichana.
Kisha akafa Nehemia Chibago, katekista wetu,
mwaka ule wa njaa, tulipokula mbegu.
Mguu wake ndio uliochonga njia
ya huku, na Chilungule, na Mhanga,
kila Jumapili, viatu mkononi asivimalize.
Vijiji vitatu vikaja na machela tatu.
Tukasali. Tukakesha.
Kulipokucha, maiti ni moja,
na jua."

Akanyamaza, akapasua karanga.

"Fimbo zikatoka. Mimi mwenyewe nilimuuma mtu wa Mhanga hapa, begani.
Mwishowe tukamgawa: mwili ukabaki hapa,
Chilungule wakazika viatu,
Mhanga wakazika ile rimu ya lori
aliyokuwa akiigonga kama kengele.
Nenda leo ukaulize kaburi lake.
Utaonyeshwa matatu.
Na hutadanganywa popote."

Nikauliza: mbona basi mahali hapa
pasiitwe kwa Nehemia?
"Teliyo alitangulia. Jina ni kama kigoda,
mgeni akishakikalia
humwinui ili umkalishe mwanao."

Nikafungua kopo.
Orodha haikuwa na herufi Y.
Muuguzi naye, akasema Mama Merabu, aliandika bila hiyo.
"Hiyo Y ni yetu. Iandike."
Nikaiandika, kubwa, ikavuja kidogo mguuni.
Nyuma ya kibao, upande wa korongo
ambako kamera ya simu ya ofisi haitafika,
nikajaribu: NJIA YA NEHEM
na buluu ikaisha.

Nilikuwa nafunga mkoba
beberu alipokuja kujikuna kwenye nguzo,
polepole, macho nusu, kama mwenye mali.
Mama Merabu akamtupia ganda.
Akaondoka kuelekea Chilungule
na nusu ya Y, mbichi, ubavuni.