Tanbihi

Mwaka ule ubwiri unga ulipoiunguza mikorosho
tulipata magunia kumi na moja tu. Baba akasema, uza yote.
Nikauza. Eufrasia akapanda basi la Dar es Salaam
na sanduku la bati, na kamusi ya Kigiriki
aliyopewa na padre wa misheni, jalada limeliwa na mchwa.
Mimi nikabaki Lukuledi na bomba la salfa mgongoni.

Watu waliniuliza, dada yako anasomea nini?
Nikisema, Wakristo, walifurahi: basi atakuwa sista.
Nikisema, Wakristo waliokufa miaka elfu na mia saba iliyopita,
walinyamaza,
kama tunavyonyamaza mtu akitwambia
mwanawe ana degedege.

Kadi zikaja kutoka Ujerumani, zenye picha za theluji.
*Mwaka mzima, kaka, nasoma kipande cha barua
kisichozidi kiganja. Katikati pana tundu.
Jina la aliyeiandika limo ndani ya lile tundu.*
Nikamjibu kwa penseli:
huku nako majani yametobolewa,
ila sisi tunamjua aliyetoboa.

Akawa daktari, akawa mhadhiri,
akawa profesa, na goti lake moja likaanza kuuma.
Kuna mzee mmoja mkutanoni alimwuliza kwa upole,
mbona hasomei mambo ya kwao Afrika?
Akamjibu: Kwani Kartago iko bara gani, bwana?
Hadithi hii amenisimulia mara nne,
na kila mara yule mzee anazidi kuwa mwekundu.

Alikuja kumzika mama.
Usiku wa pili wa matanga, wengine wamelala,
akanihadithia habari za mkulima wa zamani, wa huko Misri,
aliyekataa kumfukizia mfalme ubani.
Wakamtia gerezani tangu mbegu zinafukiwa
hadi mavuno.
Alivyosali, anayo. Alivyomjibu hakimu, anayo,
neno kwa neno.

Nikamwuliza: na shamba lake, nani alipalilia?

Akanitazama.
Hatujui, akasema.
Mmesoma miaka yote hii na hamjui?
Miezi yote ile, magugu yalimngoja?
Akaomba kalamu. Karatasi hatukuwa nayo,
akaandika nyuma ya stakabadhi ya korosho,
ile ya malipo ya pili, ambayo hayajalipwa hadi leo.

Ikapita miaka tisa.
Kikaja kitabu, kijani, kizito kama tofali bichi,
chote Kijerumani.
Ukurasa wa mia mbili na kumi na mbili, chini kabisa,
kwa herufi ndogo kama mayai ya chawa,
nikaliona jina langu: Otmari Nnunduma.
Nikapanda baiskeli hadi Ndanda, kwa bruda mmoja mzee
anayetengeneza saa. Akavaa miwani mbili, moja juu ya nyingine,
akanisomea:
*Swali hili aliniuliza kaka yangu, mkulima wa Lukuledi.
Kitabu kizima ni jaribio la kulijibu.
Sijaweza.*

Yule bruda alitaka kunipa chai.
Nikasema nina haraka, mvua inakuja.
Mvua haikuwapo.
Nilisimama darajani kitambo, nimeshika usukani,
nikahesabu palizi: mbili kwa mwaka,
mara miaka thelathini na nne.
Kisha hesabu ikanipotea.

Sasa amestaafu, yuko nami.
Chumba cha mama kimejaa vitabu, panya wanasoma usiku.
Asubuhi anafunga kanga kiunoni, anadai jembe.
Anapalilia vibaya, profesa:
anakata juu juu, mizizi anaiacha,
anasimama katikati ya tuta kunieleza neno la Kikopti.

Jana aling'oa njugu mawe, mistari miwili,
akidhani ni magugu.
Alipokwenda kunywa maji
nikazirudisha ardhini, moja moja,
nikazishindilia kwa kisigino.
Sikumwambia.