Doa la Goti

Mafuta niliyajua kwanza kwa ovaroli.
Miaka kumi na minne nazifua za vijana wa matangi,
huku Kwa Mkungu, Changamwe,
nikisoma doa nani alilala chini ya bomba
na nani alisimama kando akiandika.
Doa la goti si doa la kiwiko.
Magadi kwanza, kisha sabuni ya kipande, kisha jua,
na kisima cha Nyevu hakijanigombeza hata siku moja.

Masika yale mafuta yakaja bila nguo.
Yalipanda na ndoo.
Rangi saba juu ya maji, watoto wakashangilia:
upinde umelala kisimani!
Nyevu akachota kwa upawa, akanusa, akanyamaza.
Mwishowe akasema, "Hiki si kisima tena. Hili ni jiko."

Aliyerudisha nguo wa kwanza ni mwalimu Mwandawiro,
shati lake jeupe la kanisani mkononi.
"Mama Mwachiro, nimekaa kiti cha mbele nanuka stovu.
Pasta aliposema moto wa milele
watu wote waligeuka kunitazama."
Tukacheka. Hakulipa, nami sikumdai.

Tulikwenda ofisini kumi na mmoja, na chupa moja ya soda
imejaa maji ya kisima, kifuniko nimekikaza kwa nailoni.
Karani akaishika kwa vidole viwili, kama mkia wa panya.
Akauliza kama ina barua.
Chupa! Iwe na barua!
Tukarudi na barua. Akauliza muhuri.
Tukarudi na muhuri. Akasema chupa imekaa mno,
maji ya zamani hayasemi kweli.

Wakaja wenye glavu, wakachota, wakaandika,
wakaondoka na tope letu kwenye viatu vyao.
Majibu hadi leo yako njiani.
Njia gani hiyo? Kutoka hapa kwenda kisiwani ni Makupa tu,
mtu huvuka kwa miguu.

Kilichofika upesi ni orodha.
Aandikwe nani, mwenye kisima au mnywaji?
Mwenye nyumba, au mpangaji anayekohoa?
Onditi, aliyehamia juzi baada ya Idi, yumo mara mbili.
Bi Somoe, aliyekaukiwa na minazi minne, hayumo.
Sasa kwenye foleni ya maji hatusalimiani,
twahesabiana.
Ati mchimba kisima huingia mwenyewe.
Waliochimba huku hawakuingia.

Na kwangu mna Mwachiro, mwanangu wa pekee,
kibarua wa matangi tangu Januari.
Nikitaja kampuni hutazama sahani.
"Mama, ndiyo inayonunua huu unga."
Najua. Nimeusonga mwenyewe.
Ugali ni mweupe, hauna kosa.

Usiku mmoja tu, taa imeshazimwa, alisema:
"Bomba lile lilitoboka kabla ya mvua.
Tuliambiwa tufukie."
Sikumjibu.
Nilimsikia gizani akingoja jibu,
kitanda kikilia kila alipojigeuza.

Chupa bado iko rafuni, kando ya saa.
Haina mdomo.
Mwachiro anao, na ana mama.
Kesho kuna mkutano uwanjani, watauliza tena
nani aliona, nani anajua,
na Nyevu atanigeukia, maana tumekaa naye mlango kwa mlango
tangu watoto wetu wakitambaa.

Leo Jumamosi. Ameivua ovaroli kizingitini, ameiacha pale.
Goti limeloa, jeusi.
Nimemwita Ngumbao wa mkokoteni: madumu mawili, shilingi mia,
pesa ya mshahara wa Mwachiro,
maji safi ya kutolea mafuta.
Nimeyamimina beseni. Magadi ninayo mkononi, yanawasha.
Nguo bado sijaitia.