Nguo za Kuvuliwa

Mafundi wenzangu hushona ili nguo ikae.
Mimi nilishona ili itoke:
kwa kidole kimoja, gizani, bila kukwama,
mpiga ngoma akiwa amebakiza mapigo manne.

Toledo, Ohio, baridi ya mwaka arobaini na saba.
Aliingia kijumba changu nyuma ya jukwaa
amevaa koti la kaka yake aliyefia vitani,
begi la kadibodi limefungwa kwa kamba ya viatu.
Verna Szymczak, binti wa mchimba makaa wa Scranton.
Meneja akasema jina hilo halienei ubaoni,
kila herufi ni balbu, na balbu zina bei.
Akambandika lingine: Ivory. Balbu tano.
“Verna nayo ni tano,” akasema.
Hakuna aliyehesabu.

Vipimo vyake ninavyo bado, daftarini.
Kiuno inchi ishirini na nne.
Goti la kushoto, kovu la kuficha.
Mikono mirefu kupita kawaida.
Mikono ile ndiyo iliyonipa wazo:
glavu za satini hadi kwapani,
vifungo ishirini na vinane kila moja,
naye akajifunza kuvifungua kimoja kimoja
kama mtu anayemmenyea chungwa mtoto mgonjwa.

Dakika saba, glavu moja.
Nimewaona wanaume wazima, kofia mapajani,
wakisahau kutafuna.
Glavu ilipodondoka, ukumbi mzima ulishusha pumzi
kama tairi la lori.
“Hedda,” aliniambia akijipangusa jasho,
“kuvua si kazi. Kazi ni kutovua.”

Kisha reli. Dayton, Youngstown, Pittsburgh, Buffalo,
maonyesho manne kwa siku, Jumamosi matano,
mayai ya kukaanga saa tisa usiku,
pamba ndani ya viatu, damu kwenye pamba,
na mchekeshaji Barney Tuttle akikopa dola mbili
tangu vita vya Korea vianze hadi vikaisha.

Kila Ijumaa, hawala ya posta kwenda Scranton.
Mama alimwambia padri: binti yangu ni karani wa simu.
Baba alijua.
Baba alikohoa vumbi jeusi kwenye leso
wala hakuuliza pesa ya dawa imetoka wapi.

Cleveland walitukamata. Mimi pia,
sindano bado mdomoni.
Hakimu akaniuliza: je, mshtakiwa alikuwa uchi?
Nikasema, Mheshimiwa, alikuwa na shanga mia nne na sita,
nilizitunga mwenyewe, zihesabu ukipenda.
Karani alicheka kabla hajajizuia.
Faini dola hamsini.
Ivory akalipa kwa noti za dola moja moja,
akizilainisha mezani, taratibu,
na nakuapia, mahakama ilinyamaza.

Halafu televisheni.
Wanaume wakabaki nyumbani, miguu kwenye stuli.
Ukumbi ukawa sinema, sinema ikawa maegesho.
Sikulia. Nilirudi kuchukua cherehani yangu
nikakuta wameiuza na mapazia.

Yeye akapata kazi ya duka la viatu, Erie.
Miaka kumi na tisa alipiga magoti
mbele ya wake wa madaktari na watoto wa shule.
Mauzo yalipanda, mwenye duka asijue sababu.
Mimi nilijua:
mjini kote hapakuwa na mtu
aliyewahi kuvuliwa kiatu namna ile.

Hakuolewa. Aliposwa mara tatu,
mara mbili na mtu yuleyule.
Ukimuuliza kama anajuta, atakuuliza
kama umeshawahi kuingia mgodini.

Sasa vidole vyake vimepinda kama mizizi ya tangawizi.
Jumapili napanda ngazi zake, nikipumzika kila kituo,
nikamfunge sweta kabla hatujatoka.
Vifungo vitano tu.
Macho yangu hayaoni tundu, mikono yangu inatetemeka,
naomba radhi kwa kumchelewesha.

“Polepole, Hedda,” anasema,
kidevu juu, kana kwamba taa zimewashwa.
“Polepole. Watu wamelipa.”